Baada ya operesheni ya kizazi: kwa nini nesi anapima mkojo unaobaki kibofuni

Katika makundi ya WhatsApp ya wanawake, swali hili halikauki. Mama ametolewa kizazi, au amerekebishwa kizazi kilichoshuka. Operesheni imekwenda vizuri na kidonda kinakauka, lakini siku ya kuruhusiwa anatoka wodini na mpira wa mkojo, mfuko umefungwa pajani. Ndugu wanauliza kumetokea nini, na majibu hayachelewi. Mmoja anasema daktari kamkata kibofu. Mwingine anashauri mgonjwa anywe maji lita tatu kwa mpigo ili mkojo ufunguke. Wa tatu anaapa kwamba aliyezoea mpira hakojoi tena bila mpira.

La kwanza mara nyingi si kweli, la tatu si kweli kabisa, na la pili linaweza kumuumiza mgonjwa. Mkanganyiko huu unatokana na kipimo kimoja ambacho wodini hufanywa haraka na kuelezwa mara chache: kipimo cha kuona kama kibofu kinaweza kujimwaga chenyewe. Hapa sizungumzii mkojo wa kwenye kikopo unaopelekwa maabara kutafutwa UTI au sukari. Nazungumzia kiasi kilichotoka na, zaidi ya hicho, kiasi kilichobaki ndani.

Kibofu kinavyofanya kazi

Kibofu cha mkojo ni mfuko wa misuli uliokaa nyuma ya mfupa wa kinena, mbele ya kizazi. Figo zinatengeneza mkojo, mirija miwili inaushusha, kibofu kinautunza, kisha njia ya mkojo inautoa nje. Kwa mwanamke njia hiyo ni fupi, sentimita 4 hivi. Mtu mzima huanza kuhisi haja kibofu kikiwa na mililita 150 hadi 250, na kwa kawaida anaweza kuhimili mpaka 400 au 600.

Ili mkojo utoke, mambo mawili lazima yatokee kwa pamoja. Misuli ya kibofu ijikaze, na misuli inayobana njia ya mkojo ilegee. Amri hiyo inapita kwenye mishipa ya fahamu inayotoka sehemu ya chini ya uti wa mgongo. Amri isipofika, au ikifika ikakuta misuli imechoka au njia imebanwa na uvimbe, mkojo unabaki ndani.

Kubaki huko kuna sura mbili. Kuna mgonjwa ambaye mkojo hautoki hata tone, tumbo la chini limejaa, linauma na anahangaika kitandani. Huyu kila mtu anamwona. Na kuna yule anayekojoa kidogo, anarudi kitandani, baada ya nusu saa anakwenda tena, anatoa kidogo tena. Akiulizwa kama amekojoa anasema ndiyo, na hasemi uongo. Ila kibofu chake huenda kina nusu lita muda wote huo. Huyu wa pili ndiye ninayemhofia zaidi, kwa sababu anaweza kuruhusiwa kwenda nyumbani bila mtu kugundua.

Kuna hali ya tatu inayochanganywa na hizi mbili, nayo ni mkojo kutotengenezwa. Baada ya operesheni, wahudumu hutarajia figo zitoe walau nusu mililita kwa kila kilo ya uzito kwa kila saa. Kwa mwanamke wa kilo 60 hizo ni mililita 30 kwa saa. Mfuko wa mpira ukiwa mkavu kwa saa kadhaa, kwanza huangaliwa kama mpira umejikunja au umeziba. Kama uko sawa, daktari anatafuta mambo mengine: upungufu wa maji mwilini, damu inayovujia ndani, au mrija wa figo ulioguswa wakati wa operesheni. Hilo ni tatizo jingine kabisa na haliwezi kungoja asubuhi.

Kwa nini operesheni inakigusa kibofu

Sababu ya kwanza ni ganzi. Sindano ya ganzi ya mgongoni inalaza mishipa ile ile inayokiamuru kibofu. Miguu inaweza kurudi kuchezeka huku kibofu bado kimelala. Dawa kali za maumivu, kama mofini na pethidini, zinapunguza hisia ya kubanwa na nguvu ya kibofu kujikaza. Dawa za kutuliza tumbo linalosokota, zile za jamii ya hayosini ambazo watu wengi hununua wenyewe dukani, nazo zinalegeza misuli ya kibofu. Wakati huohuo dripu inaendelea kushuka, kwa hiyo mkojo unatengenezwa kwa wingi na kujikusanya mahali ambapo hakuna hisia. Ongeza maumivu ya kidonda, choo kigumu kinachosukuma kutoka nyuma, na aibu ya kujisaidia kwenye chombo kitandani huku ndugu wa mgonjwa jirani wamekaa hatua mbili.

Hata hivyo, operesheni hazilingani. Kutoa kizazi kwa kawaida, kwa sababu ya uvimbe kwa mfano, hukisumbua kibofu kwa muda mfupi tu kwa wanawake wengi. Operesheni ya kurekebisha kizazi au ukuta wa uke ulioshuka ni jambo jingine, kwa sababu nyuzi hushonwa chini kabisa ya kibofu, na uvimbe wa siku za kwanza unabana njia ya mkojo. Vivyo hivyo kwa wanaowekewa mkanda mwembamba wa kushikilia njia ya mkojo ili wasivujishe wanapokohoa. Kwenye kundi hili la operesheni za nyonga, tafiti nyingi zinaonyesha kati ya asilimia 15 na 45 ya wanawake hawawezi kukojoa vizuri mwanzoni. Maana yake ni kwamba mwanamke anayerudi nyumbani na mpira baada ya operesheni kama hiyo si kioja, na wala hajaharibiwa. Wengi wao kibofu hurudi ndani ya siku au wiki chache.

Nzito kuliko zote ni operesheni ya saratani ya mlango wa kizazi, ile ambayo Ernst Wertheim aliifanya Vienna mwaka 1898 na ambayo bado inafuatwa kwa sura zilizoboreshwa. Daktari hatoi kizazi peke yake, anatoa na nyama za pembeni yake, na ndani ya nyama hizo ndimo inamopita mishipa ya fahamu ya kibofu. Madaktari wa Japani walitangulia kutafuta njia ya kuitenganisha na kuiacha, na mbinu hiyo leo inatumika nchi nyingi. Hata ikitumika, kibofu huweza kuchukua wiki au miezi kuamka, na wagonjwa wachache hakiamki kikamilifu. Mwanamke anayekwenda kufanyiwa operesheni hii anastahili kuambiwa jambo hilo kabla ya kusaini fomu, si baada.

Kibofu kikiachwa kimejaa kupita kiasi, tuseme zaidi ya mililita 600 kwa saa nyingi, misuli yake inavutika mpaka inapoteza nguvu, na damu haipiti vizuri kwenye kuta zake. Tatizo ambalo lingekwisha kwa siku mbili linaweza kuwa la wiki kadhaa. Mkojo uliotuama pia unakaribisha vijidudu, na baadaye shinikizo linaweza kurudi juu mpaka kwenye figo.

Kipimo chenyewe

Kipimo kina njia mbili.

Njia ya kwanza ni kujaza kibofu. Mpira ukiwa bado upo, nesi anatundika maji safi ya dripu au anatumia bomba kubwa la sindano, na kuyaingiza polepole kupitia ule mpira hadi mililita 300, au mpaka mgonjwa mwenyewe aseme amebanwa. Kisha anafyonza maji ya puto dogo lililokuwa likiushikilia mpira ndani, kwa kawaida mililita 10 hivi, na mpira unateleza nje bila kuvutwa kwa nguvu. Mgonjwa anashuka kitandani, anakwenda chooni kwa miguu yake, anakaa kama alivyozoea, na anakojolea kwenye jagi lenye mistari ya vipimo. Anapewa kama nusu saa. Akitoa mililita 200, yaani theluthi mbili ya kilichoingizwa, hospitali nyingi humhesabu kuwa amefaulu. Uzuri wa njia hii ni kwamba kiasi kilichoingia kinajulikana, na jibu linapatikana kabla chai ya saa nne haijapoa.

Njia ya pili ni kutoa mpira na kungoja figo zijaze kibofu zenyewe. Mgonjwa anakunywa maji kwa kiasi cha kawaida, anakojoa akibanwa, mkojo unapimwa kwenye jagi, halafu ndani ya dakika 10 au 15 anapimwa kiasi kilichobaki. Asipokojoa kabisa ndani ya saa 4 hadi 6, haendelei kungojwa, kibofu kinaangaliwa. Njia hii inachukua muda na inategemea mtu kukumbuka kurudi kwa mgonjwa, jambo gumu kwenye wodi yenye vitanda vingi na nesi mmoja wa usiku. Tafiti zilizolinganisha njia hizi mbili zimeipendelea ile ya kujaza kwa kutabiri nani ataweza kukojoa mwenyewe, na kwa maoni yangu ndiyo inayofaa zaidi hospitali zetu, maana haihitaji mashine yoyote.

Tatizo kubwa la kuelewa kipimo hiki liko kwenye hesabu, na hapa mfano mmoja unasaidia. Simtanki la nyumbani likifunguliwa bomba, ndoo ikajaa, hiyo ndoo haikuambii tanki lina maji kiasi gani. Ukitaka kujua lazima upande uchungulie. Kibofu ni hivyohivyo. Chukua wanawake wawili, kila mmoja amekojoa mililita 150. Kwa wa kwanza, ultrasaundi inaonyesha zimebaki 40. Kibofu kilikuwa na 190 na karibu zote zimetoka, kwa hiyo aende nyumbani. Kwa wa pili zimebaki 350. Kibofu kilikuwa na 500, na kimetoa chini ya theluthi. Huyu hajafaulu, ingawa jagi lake linasoma sawasawa na la mwenzake.

Hospitali nyingi hutaka kinachobaki kiwe chini ya mililita 100 au 150, au kisizidi theluthi moja ya jumla. Mipaka hii inatofautiana kidogo kutoka wodi hadi wodi, kwa hiyo usishangae ukisikia namba nyingine kwa jirani.

Kinachobaki kinapimwaje? Kuna mashine ndogo za kupimia kibofu zinazowekwa juu ya tumbo la chini na kutoa namba papo hapo. Pasipo na mashine hiyo, ultrasaundi ya kawaida inatosha: mpimaji anachukua urefu, upana na kina cha kibofu kwa sentimita, anazidisha, kisha anazidisha tena kwa 0.52. Kibofu cha sentimita 10 kwa 8 kwa 8 kina kama mililita 333. Kuna tahadhari moja: damu iliyojikusanya kwenye nyonga, au uvimbe wa maji kwenye ovari, vinaweza kuidanganya mashine ndogo ikadhani ni mkojo. Na pasipo na ultrasaundi kabisa, mpira mwembamba unaingizwa mara moja mara tu baada ya mgonjwa kukojoa, mkojo uliobaki unatoka, unapimwa, mpira unatolewa. Haupendezi, ila namba yake haina shaka.

Wengine hupelekwa kwenye vipimo vikubwa zaidi vya kasi na msukumo wa mkojo. Hivyo ni kwa matatizo yanayodumu, si vya siku ya kwanza baada ya operesheni.

Yanayosemwa mitaani na wodini

Kwamba mkojo kuziba ni ugonjwa wa wazee wa kiume. Kweli tezi dume ndiyo sababu inayojulikana zaidi, lakini sababu nilizozitaja hapo juu hazihitaji tezi dume. Imani hii inafanya mwanamke anayelalamika aonekane anadeka.

Kwamba anywe maji mengi mpaka mkojo ulazimike kutoka. Kama njia haifunguki, kila lita anayokunywa inaongeza shinikizo kwenye misuli ambayo tayari imevutika. Maji ni mazuri kwa mgonjwa ambaye kibofu chake kimeshathibitishwa kwamba kinatoa, au ambaye ana mpira unaotiririsha vizuri. Kwa yule ambaye hajakojoa tangu mpira utolewe, kwanza apimwe.

Kwamba anavuja, kwa hiyo kibofu kiko wazi. Hili ndilo linalonisumbua kuliko yote. Kibofu kikijaa kupita kiasi, mkojo hufurika na kudondoka wenyewe. Ndugu wanamnunulia pedi na kungoja aache kuvuja, kumbe ndani kuna lita nzima. Yupo pia mwingine anayevuja kwa sababu tofauti, yaani kibofu au mrija wa figo umepata tundu linalomwaga mkojo ukeni. Kuwatofautisha, daktari hupima kwanza kinachobaki, na akishuku tundu anaweza kujaza kibofu kwa maji yenye rangi ya bluu na kuangalia kama rangi inatokea ukeni. Rangi isipoonekana na uvujaji ukaendelea, mrija wa figo unachunguzwa. Kuvuja mkojo baada ya operesheni ya kizazi hakuna dawa ya dukani. Ni kurudi hospitali.

Kwamba mpira ubanwe kwa saa kadhaa kabla ya kutolewa ili kibofu kizoee. Hili linasemwa hata na wahudumu wenye uzoefu, na zamani lilifundishwa. Mwongozo wa taasisi ya Marekani ya kudhibiti magonjwa, CDC, wa mwaka 2009 unasema wazi kwamba kubana mpira wa muda mfupi kabla ya kuutoa si lazima. Aliyebana akaitwa wodi nyingine na kusahau anakuwa amemjaza mgonjwa asiye na hisia.

Kwamba mpira ukae muda mrefu ndiyo usalama. Kila siku mpira unapokaa, uwezekano wa vijidudu kuingia kwenye mkojo hupanda kwa asilimia 3 hadi 7. Ndiyo maana baada ya operesheni ya kawaida ya kizazi hospitali nyingi sasa hujitahidi kuutoa ndani ya saa 24.

Asipofaulu

Anarudishiwa mpira kwa siku kadhaa, mara nyingi tatu hadi saba, kisha anapimwa tena. Huo ndio mpira wanaotoka nao nyumbani, na kazi yake ni kukipumzisha kibofu mpaka uvimbe ushuke. Mfuko ukae chini ya usawa wa kibofu muda wote, hata mgonjwa akilala, ili mkojo usirudi. Umwagwe kabla haujajaa. Anayeugusa anawe mikono kwa sabuni kabla na baada, awe wifi, binti au mgonjwa mwenyewe. Mpira usivutwe, maana lile puto bado limejaa ndani. Homa, maumivu ya kiunoni, mkojo wenye usaha au damu nyingi, au mfuko kutoingiza kitu huku tumbo likijaa: hayo yote ni ya kurudi siku ileile.

Njia nyingine ni mgonjwa kujifunza kujiwekea mpira mwembamba mwenyewe mara kadhaa kwa siku, akautoa kila anapomaliza. Wanawake wengi huikataa kwa kuisikia tu. Daktari Jack Lapides wa Michigan ndiye aliyeonyesha, mwaka 1972, kwamba mikono na mpira vikiwa safi kwa sabuni na maji inatosha, hata bila vifaa vilivyochemshwa kama vya chumba cha upasuaji, kwa sababu kuzuia kibofu kisijae kuna faida kubwa kuliko kukimbiza kila kijidudu. Kwa mwanamke ambaye kibofu chake kitachelewa kuamka, kama baada ya operesheni ya saratani, njia hii humpa uhuru wa kwenda shambani, sokoni au msikitini bila mfuko mguuni. Nesi mwenye subira na kioo kidogo cha mkononi wanatosha kumfundisha. Na kama kilichobana ni mkanda uliowekwa kuzuia kuvuja, na siku zinapita bila nafuu, daktari anaweza kuulegeza au kuukata kwa operesheni ndogo.

Kabla ya kuruhusiwa, mgonjwa ana haki ya kuuliza maswali mawili: nimekojoa kiasi gani, na kimebaki kiasi gani? Majibu yaandikwe kwenye kadi. Tumbo likimsumbua usiku akafikishwa zahanati ya jirani, namba hizo zitamwambia mhudumu wa huko mahali pa kuanzia.

Mambo hubadilika kwa aliyeshonwa fistula ya uzazi, yaani tundu kati ya kibofu na uke linalotokana na uzazi mgumu. Kwake mpira una kazi ya kukiweka kibofu kitupu ili nyuzi zisivutwe, na kuutoa mapema si jambo la kujivunia. Zamani wengi walikaa nao wiki mbili au zaidi. Utafiti uliofanywa katika nchi nane za Afrika, Kenya, Uganda na Kongo zikiwamo, na kuchapishwa mwaka 2015, ulionyesha kwamba kwa fistula isiyo ngumu siku 7 hazikuwa na matokeo mabaya kuliko siku 14, na mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani likapendekeza siku 7 hadi 10. Katika siku hizo, anayemuuguza autazame mfuko mara kwa mara, usiku na mchana. Mkojo ukiacha kushuka, au shuka ikilowa, amwamshe nesi saa hiyohiyo.